Taji la Majani na Mitungi ya Mafuta: Malipo ya Wanariadha wa Ugiriki ya Kale

Ninaposomesha historia ya Ugiriki ya kale, dhana ninayokutana nayo kuliko zote ni kwamba wanamichezo wa Olympia walishindania heshima tupu, wakaridhika na taji la majani ya mzeituni, kisha wakarudi makwao kuendelea na kilimo. Kwa lugha ya michezo ya leo tungesema walikuwa wanamichezo wa ridhaa, yaani wasiolipwa. Taji lenyewe ni la kweli na ushahidi wake ni mwingi. Kilichopotoka ni hitimisho ambalo watu hulitoa kwalo. Mwanariadha hodari wa Kigiriki aliweza kuishi vizuri sana kwa miguu na ngumi zake, na karibu kila njia ya kumlipa ilizunguka taji hilo hilo la majani.

Dhana ya ridhaa ina asili yake, nayo si Ugiriki. Katika karne ya 19, vyama vya riadha na vya kupiga makasia vya Uingereza viliweka kanuni zilizowafungia nje mafundi, vibarua na watu waliowahi kushindania fedha, hivyo mashindano yakabaki kwa waungwana wenye nafasi na kipato cha kurithi. Wasomi wengi wa wakati huo walitoka katika tabaka hilo hilo na wakaisoma Ugiriki kwa miwani yao wenyewe. Olimpiki mpya ya Pierre de Coubertin ilipofanyika Athens mwaka 1896, kanuni ya Waingereza ilikwisha kupewa baraka za Wagiriki ambao hawakuwahi kuisikia. Jim Thorpe wa Marekani, aliyeshinda pentathlon (michezo mitano kwa pamoja) na dekathlon (michezo kumi) mjini Stockholm mwaka 1912, alivuliwa ushindi wake mwaka uliofuata kwa sababu aliwahi kucheza besiboli kwa malipo madogo. Hata wanariadha wetu wa kizazi cha Kipchoge Keino na Filbert Bayi walipata sifa zao za Olimpiki na Jumuiya ya Madola chini ya kanuni hizo, wakitakiwa wawe na ajira nyingine ya kuwalisha.

Mashindano ambayo Wagiriki waliyahesabu kuwa makuu yalikuwa manne, na katika yote manne mshindi alivikwa taji la mimea. Olympia, mahali patakatifu pa Zeus, palitolewa mzeituni-mwitu. Mwaka wa kuanza kwake, kwa mapokeo ya Wagiriki wenyewe, ni 776 KK. Delphi kwa Apollo palitolewa majani ya mlaureli kuanzia 582 KK, na muda mfupi baadaye yakafuata mashindano ya Isthmia karibu na Korintho na yale ya Nemea. Pale Isthmia taji lilikuwa la msonobari au la figili-mwitu, kutegemea zama. Msomaji anayekumbuka Waraka wa Kwanza wa Paulo kwa Wakorintho, anapotaja washindani wanaojizuia katika yote ili wapokee taji iharibikayo, ajue kwamba wasomaji wa kwanza wa waraka ule waliishi jirani kabisa na uwanja wenyewe.

Olympia haikuwa na zawadi ya mshindi wa pili. Matawi ya taji yalikatwa kwa mundu wa dhahabu na mvulana ambaye baba na mama yake wote walikuwa hai, na siku ile hakuna fedha iliyobadilishana mikono mbele ya hekalu. Anayeishia kutazama hapo hana budi kuamini hadithi ya ridhaa. Ila Wagiriki walikuwa na mamia ya matamasha mengine ya miji, na huko zawadi zilikuwa na bei.

Mfano ninaoupenda ni Athens, kwa sababu tunayo orodha yenyewe, imechongwa kwenye jiwe mwanzoni mwa karne ya 4 KK. Ni orodha ya zawadi za Panathenaia Kuu, tamasha la mungu wa kike Athena lililofanyika kila mwaka wa nne. Jiwe limevunjika sehemu kadhaa, lakini yaliyobaki yanasomeka bila shida. Mvulana aliyeshinda mbio za uwanja mmoja alipata mitungi 50 ya mafuta ya zeituni, na wa pili alipata 10. Kijana ambaye bado hajaota ndevu alipata 60, na wa pili wake 12. Sehemu ya wanaume wa mbio hizo imepotea, nao watafiti wengi, wakifuata uwiano wa ngazi nyingine, hukadiria mitungi 100. Mshindi wa mbio za magari ya farasi wawili alipata 140. Mwimbaji aliyejipigia kinubi alizidi hata wakimbiaji, kwani alipewa taji la dhahabu lenye thamani ya drakma 1,000, drakma ikiwa sarafu ya fedha ya Wagiriki, na juu yake drakma 500 za fedha taslimu.

Mtungi mmoja ulichukua takriban lita 38, kwa hiyo yule mvulana wa mbio alikuwa na lita 1,900 za mafuta mkononi. Hakuna familia inayotumia mafuta kiasi hicho. Ilikuwa bidhaa ya kuuzwa, na mshindi aliruhusiwa kuisafirisha nje ya Athens. Tukichukua bei ya drakma 12 kwa mtungi, ambayo ni makadirio ya chini, mitungi 50 inatupa drakma 600. Hesabu za ujenzi wa hekalu la Erechtheion, zilizoandikwa mwishoni mwa karne ya 5 KK, zinaonyesha fundi akilipwa drakma moja kwa siku. Mtoto mmoja, kwa mbio za nusu dakika, alipata ujira wa fundi wa siku 600.

Mitungi yenyewe imeokotwa katika makaburi na magofu kuanzia Italia hadi pwani ya Bahari Nyeusi, na katika makumbusho mtu huitambua kwa mbali. Upande mmoja Athena anasimama ameinua mkuki, ngao mkono wa kushoto, katikati ya nguzo mbili ambazo juu yake kuna jogoo. Pembeni mwa nguzo kuna maandishi yanayosema kwamba hii ni zawadi kutoka Athens. Upande wa pili umechorwa mchezo ulioshindaniwa, wakimbiaji wakitupa mikono au wapiga masumbwi wakiwa wameinua ngumi. Michoro ni myeusi juu ya udongo mwekundu, na mji uliendelea kuagiza mtindo huo kwa mitungi ya zawadi muda mrefu baada ya wafinyanzi kuuacha katika kazi nyingine zote, kama serikali zinavyong'ang'ania muhuri wa zamani.

Mshindi wa Olympia naye hakurudi nyumbani mikono mitupu. Mwandishi Plutarch anaandika kwamba sheria ya Solon, mtunga sheria wa kale wa Athens, ilimpa Mwathene aliyeshinda Olympia drakma 500, na aliyeshinda Isthmia drakma 100. Wapo wanaovitilia shaka viwango hivyo kwa sababu Athens ya wakati wa Solon ilikuwa bado haijaanza kupiga sarafu zake, na mimi naona shaka hiyo ina msingi. Kisicho na shaka ni mlo wa bure katika jumba la viongozi wa mji, haki aliyokuwa nayo mshindi kwa maisha yake yote. Mwaka 399 KK mwanafalsafa Socrates, akiwa amekwisha kutiwa hatiani na anatakiwa apendekeze adhabu yake, alisema anastahili mlo huo kuliko mtu aliyeshinda Olympia kwa farasi. Zaidi ya miaka mia kabla yake mshairi na mwanafalsafa Xenophanes wa Colophon alikuwa amelalamika kwamba miji inawalisha wanariadha kwa mali ya umma ilhali hekima yake yeye ni bora kuliko nguvu za watu na za farasi. Manung'uniko ya wasomi juu ya pato la wanamichezo yana umri mrefu.

Katika mazingira hayo alizaliwa mtu kama Theagenes wa kisiwa cha Thasos, mpiga masumbwi na mpiganaji wa pankration, mchezo uliochanganya ngumi, mateke na mieleka. Pausanias, msafiri wa karne ya 2 BK, anamhesabia mataji 1,400. Hata tukiipunguza hesabu hiyo, ni wazi kwamba mtu huyu alitumia ujana wake wote safarini, kutoka tamasha hadi tamasha. Mwaka 480 KK alijiandikisha Olympia kwa michezo yote miwili. Alimpiga Euthymos wa Locri, bingwa mtetezi wa masumbwi, lakini pambano hilo likamchosha kiasi cha kushindwa kuingia kwenye pankration. Waamuzi waliona kwamba aliingia masumbwi kwa nia ya kumwonea Euthymos tu, wakamtoza talanta moja kwa mungu na nyingine kwa Euthymos. Talanta moja ni drakma 6,000. Theagenes alilipa ile ya mungu, akaelewana na Euthymos juu ya ile ya pili, na miaka minne baadaye akarudi kushinda pankration. Kwao Thasos aliishia kuabudiwa kama shujaa mwenye uwezo wa kuponya, na wanaakiolojia wamepata huko sanduku la mawe la sadaka zake, lenye maandishi yanayomtaka kila mtoa dhabihu atumbukize si chini ya oboli moja, sarafu ndogo ya Wagiriki.

Kuhusu magari ya farasi sitakaa sana, kwa kuwa ulikuwa mchezo wa matajiri. Taji lilikuwa la mwenye farasi, si la mwendeshaji. Ndiyo maana Kyniska, binti wa mfalme wa Sparta, aliweza kushinda Olympia mwaka 396 KK na tena 392 KK, mahali ambapo wanawake hawakuruhusiwa kushindana uwanjani. Mwanasiasa Alcibiades wa Athens aliingiza magari saba mwaka 416 KK, akachukua nafasi ya kwanza, ya pili na ya nne, kisha akayatumia matokeo hayo kama hoja ya kisiasa.

Penye malipo rushwa haikosi, na Olympia iliweka kumbukumbu ya rushwa zake hadharani. Kandoni mwa njia ya kuingilia uwanjani kulikuwa na safu ya sanamu za shaba za Zeus zilizonunuliwa kwa faini za wadanganyifu, na misingi yake ya mawe ingali pale. Sita za kwanza zilitokana na mashindano ya mwaka 388 KK, pale Eupolos wa Thessaly alipowahonga wapinzani wake watatu wa masumbwi, akiwemo bingwa wa mashindano yaliyotangulia. Maandishi ya sanamu mojawapo yalimkumbusha mpita njia kwamba ushindi wa Olympia hupatikana kwa wepesi wa miguu na nguvu za mwili, si kwa fedha. Nyingine sita zilitokana na Kallippos wa Athens, aliyenunua pentathlon mwaka 332 KK. Athens haikumruka raia wake: ilimtuma Hypereides, mmoja wa wasemaji wake hodari, akaombe faini ifutwe. Ombi lilipokataliwa, Waathene walisusia mashindano, na hawakulipa hadi hekalu la Apollo kule Delphi, ambako miji ilikwenda kutafuta unabii, lilipogoma kuwapa.

Kesi inayoonyesha mambo waziwazi zaidi ni ya mwaka 93 BK. Apollonius, mpiga masumbwi wa Alexandria nchini Misri, alichelewa kufika na akajitetea kwamba upepo wa mbisho ulimkwamisha katika visiwa vya Cyclades. Mwenzake wa mji huo huo, Herakleides, alisimama akaeleza kwamba hakuna upepo wowote. Apollonius alikuwa akikusanya fedha za zawadi katika mashindano ya Ionia, pwani ya magharibi ya Uturuki ya leo. Waamuzi walimfungia nje, wakamtoza faini, na Herakleides akapewa ushindi wa mezani. Apollonius alijifunga kanda za ngozi mikononi kana kwamba pambano linaanza, akamvamia Herakleides aliyekwisha kuvikwa taji na ambaye alikimbilia kwa waamuzi. Kosa lake la kwanza halikuwa kupokea fedha, jambo ambalo kila mtu alilijua na hakuna aliyelishangaa. Alikosa kwa kuchelewa na kusema uongo.

Kufikia zama hizo taji la mashindano yenye hadhi ya juu lilimpa mshindi pensheni kutoka mji wake. Karibu mwaka 111 BK gavana Pliny, aliyekuwa akiongoza jimbo la Bithynia, alimwandikia Mfalme Trajan kuhusu wanariadha waliodai walipwe tangu siku ya kushinda, badala ya siku ya kuingia mjini kwao kwa maandamano. Kwa neno la watumishi wa leo, walidai malimbikizo. Trajan aliwakatalia.

Kwa malipo ya aina hiyo mtu angeweza kununua ushindi na bado akabaki na faida, nasi tunayo karatasi ya mafunjo inayoonyesha biashara hiyo ilivyofanyika. Iliandikwa Misri mwaka 267 BK, wakati wa mashindano ya mji wa Antinoopolis, nayo ni mkataba kuhusu wavulana wawili wa mieleka, Nikantinous na Demetrius. Demetrius anakubali kuanguka mara tatu na kusalimu amri, naye atapata drakma 3,800, fedha ambayo kwa thamani ya sarafu za wakati ule ilikaribia bei ya punda. Waamuzi wakigundua na taji likabaki kwa mungu bila kupewa mtu, upande wa Nikantinous hautamdai chochote. Demetrius akienda kinyume na makubaliano akashinda, yeye na wadhamini wake watalipa talanta tatu.