Mario Ana Haraka, Mario Anachelewa: Gemu za Zamani Kwenye Usajili wa Kulipia

“Kamwene, fundi.”

“Kamwene, mwalimu. Karibu, kaa hapo karibu na jiko, baridi ya leo imezidi.”

Ilikuwa Juni hapa Mbeya, Mlima Loleza umefunikwa na ukungu tangu asubuhi. Mwalimu huyu wa sekondari alikuwa ametoka Mafinga kuja msibani Uyole, na kabla ya kupanda basi la kurudi akapitia kwenye meza yangu ya ufundi hapa Mwanjelwa. Akatoa kwenye begi mashine ya gemu, Nintendo Switch, iliyoviringishwa kwenye kitenge cha mkewe. Shemeji yake aliyeko Dubai ndiye aliyeileta, wakalipia na usajili wa mwaka mzima. Alikuwa na shida moja tu: amwonyeshe mwanawe wa miaka 11 ile Super Mario Bros. aliyoicheza yeye akiwa na umri huohuo, kwenye TV ya jirani pale Iringa mjini, foleni ya watoto imefika mlangoni.

“Lakini fundi, huyu Mario siye. Ana haraka kuliko yule wetu. Halafu nikibonyeza aruke, anachelewa. Anatumbukia shimoni na mimi nimeshabonyeza kitambo. Mwanangu anasema nimezeeka.”

Nafungua mashine za gemu tangu enzi za kaseti za njano, na ni nadra mteja kunieleza tatizo kwa usahihi namna hii. Ana haraka na anachelewa. Ukiisikia juujuu utadhani mtu anajipinga mwenyewe. Kumbe yote mawili ni kweli, na kila moja lina chanzo chake. Naandika haya kwa sababu watu wanaolipia usajili kwa ajili ya gemu za utotoni wanazidi kuongezeka huku Nyanda za Juu Kusini, na wengi wanaishia kuamini kwamba mikono yao imekufa. Haijafa.

Kwanza niseme wanalipia nini. Nintendo ilianzisha usajili wake wa Nintendo Switch Online Septemba 2018, ukiwa na gemu 20 za NES, mashine yake ya enzi za Super Mario Bros. Mwaka uliofuata zikaja za Super NES. Oktoba 2021 likaongezwa daraja la juu lenye Nintendo 64 na Mega Drive ya Sega, Februari 2023 wakaleta Game Boy, na Juni 2025 GameCube kwa wenye Switch 2. Kwa bei ya Marekani daraja la chini ni dola 19.99 kwa mwaka, la juu dola 49.99. Sony nayo ilipanga upya usajili wake, PlayStation Plus, mwaka 2022, ikaweka gemu za PS1, PS2 na PSP kwenye daraja lake ghali kuliko yote. Huku kwetu wengi tunafungua akaunti za Afrika Kusini, na huko daraja hilo linaitwa Deluxe. Hapo gemu za PS3 hazimo, kwa sababu Sony huzitoa kwa kuzitiririsha kutoka kwenye seva zake, na huduma hiyo haijafika nchi zote. Mteja akiniuliza mbona PS3 haionekani, jibu ni hilo. Mashine yake haina ubovu.

Sasa turudi kwa Mario, tuanze na haraka yake.

Mashine tuliyocheza utotoni, wengi wetu, haikutengenezwa na Nintendo. Nintendo ilitoa Famicom Japani mwaka 1983, ndiyo hiyo iliyoitwa NES nje ya Japani. Kilichofika kwenye maduka yetu miaka mingi baadaye ni nakala za mashine ile, zikitumia kaseti za pini 60 zilezile. Tuliziita TV gemu. Nakala hizo zilirekebishwa ziendane na TV za mfumo wa PAL, ambao ndio mfumo wetu, unaochora picha mara 50 kwa sekunde. Lakini zilizomo ndani ya kaseti zilikuwa gemu za Japani na Marekani, ambako TV ilichora mara 60.

Super Mario Bros. haitazami saa, inahesabu picha. TV inapochora picha moja, Mario anasogezwa hatua yake moja, uyoga hatua yake, kobe hatua yake. Mpe picha 60 kwa sekunde, atakwenda kama alivyokusudiwa. Mpe 50, atakwenda taratibu, na kila kitu kitakwenda taratibu pamoja naye, hata ule wimbo. Njia ambayo angeimaliza kwa sekunde 10, kwetu aliimaliza kwa 12. Tulikua tukiamini hiyo ndiyo kasi yake.

Kwenye usajili wa Nintendo gemu za NES zinakwenda kwa 60. Kwa hiyo Mario aliyemshangaza mwalimu ni Mario halisi wa mwaka 1985, na ilikuwa mara yake ya kwanza kukutana naye. Nilipomwambia hivyo alinyamaza kidogo, kisha akaanza kuufuata ule wimbo kwa kupigapiga kidole mezani, kwa kasi ya zamani. Alikuwa anaukumbuka kwa kasi ya PAL, sawasawa kabisa.

Upande wa PlayStation jambo hilohilo lilizua kelele za dunia nzima. Mpango mpya wa Sony ulipoanza Asia Mei 2022, wachezaji waligundua kwamba baadhi ya gemu za PS1, Ape Escape ikiwemo, zilikuwa zile za PAL za picha 50. Walilalamika, na Sony ikatangaza kwamba itaongeza za picha 60. Ukikuta gemu inakuruhusu kuchagua toleo, chagua la 60 hata kama kumbukumbu yako ni ya 50. Siku mbili tatu mkono utazoea.

Kuchelewa kwa Mario ni ugonjwa mwingine kabisa, na ndio unaonisumbua zaidi kwa sababu unatibika bure na watu hawajui.

Nilimwomba mwalimu acheze Switch ikiwa mkononi, kwenye kioo chake yenyewe. Akavuka shimo la kwanza, la pili, akapanda ngazi, akaruka kwenye bendera. Halafu nikaichomeka kwenye TV ya flati ya dukani, nikaiacha kwenye mipangilio ya kawaida ya sinema, kama ilivyo sebuleni kwa wengi. Shimo la kwanza tu, akatumbukia. Nikachukua simu yangu, nikarekodi kidole chake na kioo pamoja kwa fremu 240, yaani picha 240, kwa sekunde, tukaihesabu ile video fremu kwa fremu. Tangu kidole kiguse kitufe mpaka viatu vya Mario viache ardhi zilipita fremu 38. Nikashika rimoti, nikaingia kwenye mipangilio ya picha, nikaweka hali ya gemu (Game Mode). Tukarekodi tena: fremu 24. Mwalimu akavuka shimo bila kufikiri.

TV zetu za kichogo zilikuwa hazihifadhi picha. Umeme wa picha ukiingia, mwale unachora mstari juu ya mstari papo hapo, na kilichotoka kwenye mashine unakiona wakati huohuo. Flati inafanya kazi tofauti. Inaipokea picha nzima, inaiweka kando, inailinganisha na iliyotangulia, inaondoa chembechembe, inaongeza rangi, inalainisha mwendo, ndipo inaionyesha. Kwa tamthilia haina neno, maana sauti nayo inacheleweshwa zikaja pamoja. Kwa gemu ni msiba, kwa sababu kidole chako hakicheleweshwi. Hali ya gemu inaiambia TV iache mapambo yote na ionyeshe picha kama ilivyokuja.

Kuna kucheleweshwa kwingine kidogo ambako hali ya gemu haikugusi. Gemu hizi hazikuandikwa kwa ajili ya Switch wala PS5. Zinaendeshwa na emuleta, programu inayojifanya mashine ya zamani: inasoma kila amri iliyoandikwa kwa ajili ya kichwa cha Famicom na kuitafsiri, maelfu kwa maelfu kila sekunde, huku ikitunza saa za ile mashine zisipishane. Ni kazi kubwa, naiheshimu sana. Ila tafsiri ina gharama ya muda, na pedi isiyo na waya inaongeza ya kwake. Ndiyo maana hata baada ya kurekebisha TV zimebaki fremu 24. Hazikushuka hadi tatu.

Mfano mzuri kuliko wote wa jambo hili ni ile bunduki ya bata. Nyote mnaikumbuka Duck Hunt. Tulidhani bunduki inatoa kitu kwenda kwenye TV. Haitoi chochote, ni jicho tu. Ukivuta kifyatulio, TV inakuwa nyeusi kwa picha moja, na picha inayofuata inaweka mraba mweupe pale alipo bata. Jicho la bunduki likiona giza kisha mwanga, umepata. Wakiwa bata wawili, miraba inawaka mmoja baada ya mwingine, na mashine inajua umempiga yupi kwa kuangalia mwanga umefika zamu ya nani. Ile picha nyeusi ya kwanza ilikuwa mtego kwa wajanja: ukilenga taa, jicho linaona mwanga wakati linapaswa kuona giza, na hesabu inakataa. Yote hayo yanapita chini ya nusu ya kupepesa jicho. Sasa mpe kazi hiyo TV inayochelewesha picha. Bunduki inatazama, mraba haujafika. Inapokata tamaa, mraba ndio unawaka. Bata hafi hata ukibandika mdomo wa bunduki kwenye kioo. Hakuna usajili unaoweza kukurudishia bunduki ile kwenye flati.

Nisionekane nauponda usajili. Aliyewahi kumiliki kibanda cha gemu anajua tulikotoka. PS1 za kwanza tulizicheza zimegeuzwa juu chini. Reli ya plastiki iliyobeba lenzi ilikuwa inalika kwa joto la pawa iliyokaa jirani yake, lenzi inainama, basi unaigeuza mashine ili uzito uirudishe mahali pake. Nimebadilisha lenzi nyingi mno. Memori kadi ilikuwa na nafasi 15 tu, na nimeshuhudia vijana wakikunjana mashati kwa sababu mmoja amefuta ligi ya mwenzake ili apate pa kuhifadhi yake. Leo kwenye NES na Super NES za Switch unasimamisha gemu popote na kuihifadhi hapohapo, hata unairudisha nyuma sekunde chache kabla ya kosa lako. Umeme ukikatika, Switch ina betri. Kwa mzazi anayecheza na mtoto baada ya kazi, ni neema kubwa.

Lakini usilipie kwa ajili ya gemu moja kabla hujaitafuta kwenye orodha, hasa ikiwa ni ya mpira. Majina ya wachezaji, jezi za klabu na nyimbo zilizomo vinakodiwa kwa muda, na muda ukiisha kampuni haina ruhusa ya kuiuza tena gemu ile hata ikitaka. Vijana wanaokuja kuniulizia Winning Eleven, ile gemu ya mpira ya vibandani, nawaambia hivyo kabla hawajatoa hela. Hata GoldenEye 007 ya mwaka 1997, moja ya gemu maarufu kuliko zote za Nintendo 64, ilirudi Januari 2023 baada ya miaka mingi, kwa sababu haki zake zilikuwa zimegawanyika kwa kampuni kadhaa. Taasisi ya Video Game History Foundation ilionyesha mwaka 2023 kwamba asilimia 87 ya gemu za zamani zilizotoka Marekani hazipatikani tena madukani kwa njia halali. Kwa hiyo hiki tunacholipia ni kisehemu tu cha tulichocheza.

Kingine ni umiliki. Kwenye Wii ulinunua gemu ya zamani moja moja ikawa yako. Kwenye usajili wa Switch unakodi kapu zima, na siku ukiacha kulipa linafungwa. Sony angalau baadhi ya gemu hizi inaziuza pia kwa moja moja, na inapowezekana mimi nanunua.

Kwa wa vijijini, gemu hizi zenyewe ni ndogo. Super Mario Bros. yote ni kilobaiti 40, ndogo kuliko picha moja ya harusi kwenye simu yako. Super Mario 64 ni megabaiti 8. Za PS1 ndizo zinazofikia mamia ya megabaiti. Cha kuangalia ni kwamba Switch lazima iguse mtandao angalau mara moja kila siku 7, la sivyo gemu za usajili zinajifunga mpaka iunganishwe. Mwalimu nimemwelekeza awe anawasha mtandao wa simu yake kila Jumapili jioni, dakika moja inatosha.

Alipoondoka alikuwa ameandika kwenye kiganja hatua za kuweka hali ya gemu kwenye TV yake. Usiku akanitumia ujumbe kutoka Mafinga: wamevuka shimo, wamefika dunia ya tatu, na mtoto anataka kujua hiyo bunduki isiyo na risasi ikoje. Nimemwambia amlete likizo ya Desemba. Kichogo changu cha inchi 14 bado kinawaka, na bunduki moja jicho lake bado linaona.