Kemshafti hunywa oili mwisho: ninavyotambua na kutengeneza beringi zake zikilika

Kemshafti, mhimili unaozunguka na kufungua valvu za injini, haina kazi nzito kama watu wengi wanavyodhani. Kishindo cha mafuta yanayowaka ndani ya silinda kinabebwa na pistoni, konrodi (fimbo ya pistoni) na krenkishafti (mhimili wa chini unaozungushwa na pistoni). Kemshafti inabeba hasa springi za valvu, na inazunguka mara moja wakati krenkishafti imeshazunguka mara mbili. Injini ikiwa kwenye mizunguko 3000 kwa dakika, yenyewe iko kwenye 1500. Kwa mzigo huo na mwendo huo, beringi zake, yaani sehemu zinazoishika ikizunguka, zikipata oili safi zinaweza kumaliza umri wote wa injini bila kuguswa.

Kwa hiyo nikifungua kava ya valvu nikakuta zimelika, ninajua kuna jambo limetokea. Kabla sijafikiria matengenezo, ninajiuliza oili ilikwama wapi. Angalia njia inayopita: inafyonzwa na pampu kutoka kwenye sampu (bakuli la oili chini ya injini) kupitia chujio, inapita kwenye filta, inaingia kwenye mfereji mkuu wa bloku, inalisha beringi za meni (za krenkishafti) na bigendi (za konrodi), na sehemu yake inapanda kwenye hedi, kichwa cha injini chenye valvu, kupitia tundu jembamba. Kwenye injini ambayo kemshafti iko juu, huko ndiko mwisho wa safari. Oili ikipungua, ikichelewa au ikiziba njiani, anayekaa mwisho wa foleni ndiye anayelala na kiu.

Jambo lingine la kujua kabla hujashika spana: injini nyingi za gari ndogo hazina beringi za kemshafti za kubadilisha. Shingo za kemshafti, yaani sehemu zake za duara zinazoshikiliwa, zinazunguka moja kwa moja juu ya alumini ya hedi, nusu ya duara iko kwenye hedi na nusu iko kwenye kepu inayofungwa juu yake. Alumini ikilika, imelika hedi yenyewe. Injini za fito, zile ambazo kemshafti imekaa ndani ya bloku na kusukuma valvu kwa fito ndefu, ndizo zenye beringi za kweli: pete zinazopigwa ndani kwa nguvu, zenye tabaka la chuma laini upande wa ndani.

Sasa kelele. Wengi huniletea gari likipiga tiki-tiki juu ya injini wakiwa wameshaamua kwamba ni tapeti, vipande vinavyokaa kati ya kemshafti na valvu. Mara nyingi tapeti kweli ndizo zinazolia, lakini hazina kosa. Tapeti za haidroliki hujazwa na oili ileile inayolisha kemshafti. Beringi ikilegea, oili inatoroka pembeni kabla haijafika kwenye tapeti, tapeti inabaki na hewa tumboni, nayo inalia. Beringi yenyewe inaweza kulika sana kabla haijatoa sauti yake. Ukibadilisha tapeti peke yake, utapata kimya cha siku chache, kisha kelele irudi.

Gari moja nililolishughulikia lilikuwa limebadilishwa tapeti zote mara mbili. Mlio ulikuwa unakuja injini ikishapata moto, na ulikuwa nusu ya mwendo wa krenkishafti, dalili kwamba chanzo kiko upande wa kemshafti na valvu. Kelele ya bigendi ni nzito zaidi, inatoka chini, inazidi injini ikibeba mzigo, na mara nyingi hupungua ukikata moto wa plagi ya silinda yenye tatizo. Hii haikubadilika kwa namna hiyo. Nilipoweka ncha ya bisibisi ndefu juu ya hedi na mpini wake sikioni, mlio ulikuwa mkali zaidi katikati ya hedi kuliko kwenye ncha zake. Sikio lilinionyesha sehemu ya kuanzia tu. Uamuzi ulitoka kwenye vipimo.

Kipimo cha kwanza ni presha ya oili kwa geji ya mkono, inayofungwa mahali pa swichi ya oili. Usiitegemee taa ya dashibodi. Kwenye gari nyingi taa hiyo huwaka presha ikishashuka chini ya takriban baa 0.3 hadi 0.5, na hapo madhara yameshaanza. Pima injini ikiwa moto kabisa, kwanza bila kukanyaga mafuta, kisha kwenye mizunguko 3000, ulinganishe na kitabu cha injini hiyo. Mafundi wana kanuni ya psi 10 kwa kila mizunguko 1000. Inafaa kwa makadirio, lakini kitabu kikisema vingine, fuata kitabu. Kumbuka pia kwamba presha ndogo haimtaji mkosaji: inaweza kuwa pampu, valvu ya kupunguza presha, chujio lililoziba au beringi za chini.

Kwenye gari lile presha ilikuwa ndani ya kiwango, na hilo ndilo lililonishtua. Chini kulikuwa salama, pampu ilikuwa nzima, lakini juu kulikuwa na kiu.

Nilikata umeme wa koili na wa nozeli ili injini isiwake, nikatoa kava ya valvu, nikamwomba msaidizi apige stata kwa vipindi vifupi huku mikono na nguo vikiwa mbali na cheni. Hapa unaangalia oili ikichuruzika pembeni mwa kila kepu. Kepu inayomwaga oili kwa wingi kuliko wenzake ina nafasi kubwa mno. Kepu iliyo kavu ina njia iliyoziba. Kepu ya tatu ilikuwa kavu.

Nikakata pia filta ya oili, nikanyoosha karatasi yake juu ya kitambaa cheupe, nikaiangalia kwenye mwanga wa jua. Kulikuwa na vipande vyembamba vinavyong'aa, na sumaku haikuvivuta. Hiyo huelekea kuwa alumini. Peke yake haithibitishi kitu, kwa sababu hata pistoni ni alumini, lakini pamoja na kepu kavu nilikuwa na sababu ya kutosha ya kufungua.

Kufungua kwenyewe kunataka subira. Springi za valvu zinaisukuma kemshafti juu, na ukimaliza bolti za upande mmoja kabla ya mwingine, unaweza kuipinda, kuivunja au kupasua kepu. Legeza robo mzunguko kwa kila bolti, ukianzia ncha za nje kuelekea katikati, isipokuwa kitabu kikiagiza mpangilio mwingine. Kepu zina namba na mshale. Kiwandani hutobolewa zikiwa zimefungwa kwenye hedi ileile, kwa hiyo kepu ya pili haiwezi kukaa mahali pa nne, na hakuna kepu ya hedi nyingine itakayoenea sawasawa. Mimi huchoma matundu kwenye kipande cha boksi, nikaandika namba, na kila kepu inalala na bolti zake.

Halafu soma ulikaji kama unavyosoma barua. Shingo zote zikiwa zimelika kwa kiasi kinachokaribiana, shuku oili iliyopitiliza muda, uchafu au injini iliyotembea na oili pungufu. Shingo ya mbele peke yake, upande unaovutwa, inakuelekeza kwenye mkanda wa taimingi uliokazwa kupita kiasi. Shingo za katikati zikiwa mbaya kuliko za pembeni, uliza kama injini imewahi kuchemsha: hedi ikipinda, mstari wa matundu ya kemshafti unapinda nayo, na katikati ndiko kunakobanwa. Shingo moja tu, huku jirani zake zikiwa safi, ni njia iliyoziba au kepu iliyofungwa vibaya. Pitisha ukucha juu ya shingo. Mkwaruzo ambao ukucha haukwami unaweza kusafishwa. Ukikwama, endelea kupima.

Kwa nafasi ya oili ninatumia plastigeji, uzi laini wa plastiki. Ondoa tapeti ili springi zisisukume, futa oili yote, laza kemshafti, weka kipande cha uzi juu ya kila shingo kwa urefu wa kemshafti, funga kepu kwa spana ya torki hadi kipimo cha kitabu, kisha usiizungushe hata kidogo. Fungua tena. Uzi umepondwa, na upana wake unalinganishwa na vipimo vilivyochapwa kwenye pakiti yake: ukiwa mpana, nafasi ni ndogo, ukiwa mwembamba, nafasi ni kubwa. Injini nyingi za gari ndogo zikiwa mpya zina kati ya milimita 0.03 na 0.07, na mwisho unaokubalika mara nyingi ni karibu 0.10. Unywele wa mtu ni kama milimita 0.07, kwa hiyo hapa tunazungumzia tofauti ambayo jicho haliwezi kuiona.

Shingo ya kwanza ilinipa 0.05, ya pili 0.05, ya nne 0.06. Kwenye ya tatu uzi ulikuwa umepondwa kidogo tu, 0.15.

Plastigeji inakupa nafasi lakini haisemi kipi kimelika. Pima shingo kwa maikromita kwenye pande mbili zinazokatana, kisha pima tundu kepu ikiwa imefungwa. Angalia pia kama kemshafti imepinda, kwa kuilaza juu ya vitalu vyenye umbo la V na kuizungusha chini ya geji ya saa. Ya gari lile ilikuwa imenyooka, na shingo zake zilikuwa ndani ya kipimo. Kilicholika kilikuwa alumini.

Nikapuliza hewa kwenye tundu la oili la beringi ya tatu. Haikupita. Baada ya kutoa hedi na kufungua plagi ya mfereji wake, brashi nyembamba ilitoka na kipande cha silikoni, ukubwa wa kichwa cha kiberiti. Aliyefunga hedi kabla yangu alikuwa amepaka silikoni kwenye gaskiti ya hedi, mahali ambapo gaskiti hiyo haihitaji kupakwa chochote. Ikamenyeka, ikapanda na oili, ikakwama kwenye tundu dogo. Kwa kuwa ilitoka baada ya filta, hakukuwa na kitu cha kuizuia.

Matengenezo yanategemea vipimo. Mikwaruzo midogo kwenye shingo husafishwa kwa utepe wa msasa laini sana uliolowa oili, kuzunguka shingo yote, kisha kuosha mpaka kitambaa cheupe kibaki cheupe. Shingo zikiwa zimepungua, badilisha kemshafti na upime upya. Hedi ikiwa imelika, kazi inakwenda kwa fundi wa mashine: anapunguza kidogo uso wa kepu, anazifunga, kisha anatoboa matundu yote kwenye mstari mmoja hadi kipimo cha awali. Au anapanua matundu na kuweka bushi. Njia ya tatu ni hedi nyingine pamoja na kepu zake, na kama si mpya, ipime kama unavyopima hii mbovu.

Tafadhali usisage kepu kwa tupa ili kupunguza nafasi. Nimeona kazi hiyo mara nyingi na inaniumiza kila mara. Tundu linakuwa yai: juu na chini linabana, pembeni linabaki wazi, na kemshafti inaweza kukwama na kukata mkanda. Vilevile, oili nzito itapandisha geji kidogo, lakini asubuhi injini ikiwa baridi itachelewa zaidi kufika juu, kulekule kwenye kiu.

Hedi iliyochemka ina mtego wake. Kuchonga uso wa chini kunanyoosha mahali pa gaskiti tu. Mstari wa kemshafti unabaki umepinda. Lazima hedi inyooshwe kwanza, ndipo ichongwe, na matundu yatobolewe ikibidi. Jaribio ni rahisi: laza kemshafti bila tapeti, funga kepu kwa torki, zungusha kwa vidole. Ikikwama popote, haijawa tayari.

Kwa injini za fito, pete huingizwa kwa kifaa chake maalumu. Kwenye baadhi ya injini kila nafasi ina kipenyo chake, kwa hiyo zipange kabla ya kuanza. Tundu la oili la pete lazima lilingane na la bloku. Likihama, pete mpya itaungua kama ile ya zamani.

Hedi ya gari lile ilitobolewa upya. Nilipoipokea niliosha mifereji yote kwa brashi na hewa, ingawa ilikuwa imeoshwa, kwa sababu chembe za mashine zinapenda kujificha nyuma ya plagi. Nikapaka grisi ya kuungia kwenye shingo na migongo ya kemu (vinundu vinavyosukuma tapeti), nikakaza kepu kutoka katikati kwenda nje kwa awamu tatu. Bolti hizi ni ndogo, nyingi zinataka kama Nm 10 hadi 13 tu, na ukizidisha unang'oa meno ya alumini. Kabla ya kuwasha nilipiga stata bila moto mpaka geji ikapanda na nikaona oili ikitoka kwenye kepu ya tatu kama kwenye jirani zake.

Baada ya kilomita 500 nilimwaga oili na kukata filta tena. Kulikuwa na chembe chache za alumini, masalia ya zamani. Nikaweka filta nyingine, na nilipoikata baada ya kilomita 2000 karatasi yake ilikuwa na rangi ya oili tu.