Mchezaji mhamaji: maisha ya kiungo wa madaraja ya chini Uingereza

Fungua wasifu wa kiungo yeyote aliyemalizia soka lake League Two, daraja la nne la Uingereza. Utakuta timu nane, pengine kumi na mbili: misimu miwili hapa, miezi minne pale, na neno "mkopo" limejirudia mara tatu. Shabiki aliyezoea Arsenal na Liverpool huisoma orodha hiyo kama cheti cha kufeli, na mimi naona anaisoma vibaya. Huyo ni mchezaji mhamaji, yaani mwanasoka wa kulipwa anayeishi kwa mikataba mifupi na kubadilisha jezi kila baada ya msimu mmoja au miwili. Mara nyingi kinachomhamisha si kiwango chake. Kinachomhamisha ni kalenda, bajeti ya klabu, na kocha aliyepo siku hiyo.

Tuanze na ngazi zenyewe. Juu ipo Premier League yenye timu 20. Chini yake ipo EFL (English Football League) yenye timu 72, zikiwa 24 kwa kila daraja: Championship, League One na League Two, majina yaliyoanza kutumika 2004. Daraja la tano ni National League, na kuanzia hapo kwenda chini mpaka kati ya soka la kulipwa na soka la ridhaa unaanza kufifia. Zipo klabu zinazofanya mazoezi kila siku asubuhi kama wakubwa, na zipo ambazo mchezaji anatoka kwanza kazini ndipo aende mazoezini jioni. Zamani timu iliyoshika mkia daraja la nne haikushuka moja kwa moja, ilisubiri kura za wenzake. Mwaka 1987 utaratibu ukabadilika, Lincoln City wakawa wa kwanza kushuka kwa pointi na Scarborough wakapanda kuchukua nafasi yao. Tangu hapo kushuka kumekuwa tishio la kweli kila msimu. Timu ikishuka bajeti inakatwa, na bajeti ikikatwa wachezaji ndio wanaopungua kwanza.

Safari huanza mapema. Kijana wa akademi akifika miaka 16 hupewa nafasi ya miaka miwili ya mafunzo, nusu mpira nusu darasa. Akifika 18 klabu inaamua: mkataba wa kulipwa, au mlango. Wengi huonyeshwa mlango. Wanaoachwa na klabu kubwa hawapotei wote, kwani hukusanywa kwenye mechi za majaribio ambako maskauti wa timu ndogo hukaa jukwaani na madaftari yao. Kiungo mwenye miguu mizuri aliyetemwa na timu ya Championship anaweza kuondoka hapo na mkataba wa mwaka mmoja League Two. Hapo ndipo uhamaji unapoanza, kabla hata hajafikisha miaka 20.

Wanaobakizwa na wakubwa nao hupelekwa huko kwa mkopo, lakini kwa maana tofauti kabisa. David Beckham alipelekwa Preston North End mwaka 1995, wakati huo wakiwa daraja la nne. Mechi yake ya kwanza, dhidi ya Doncaster Rovers, alifunga moja kwa moja kutoka kwenye kona. Alicheza mechi tano, akarudi Manchester United, na Preston ikabaki kuwa darasa alilopitia. Kwa mhamaji, mkopo haufanani hivyo. Mara nyingi ni ishara kwamba kocha wake wa sasa hamuhitaji, na timu inayomkopa inaziba pengo la majeruhi. Akicheza vizuri anapata timu ya msimu ujao. Akisugua benchi hata huko kwa mkopo, basi kiangazi kitakuwa kirefu.

Kiangazi chenyewe ndicho kiini cha dhana hii. Mikataba mingi ya Uingereza huisha Juni 30, na Mei, mara msimu unapomalizika, klabu hutangaza nani anabaki na nani anaondoka. Mashabiki wa Simba na Yanga wanaujua vizuri msimu huu, ndio ule wa watu kupewa "thank you" mtandaoni. Tofauti ni kwamba League Two timu inaweza kuwaachia wachezaji kumi na zaidi kwa taarifa moja, na wiki hiyo hiyo timu nyingine nyingi zinafanya vivyo hivyo. Ghafla soko linajaa viungo wenye umri ule ule, wasifu ule ule, wanaogombea nafasi zile zile chache.

Sheria nayo ina mkono wake. Baada ya hukumu ya Bosman ya Desemba 1995, kesi ya mchezaji wa Ubelgiji katika mahakama ya Ulaya, mchezaji aliyemaliza mkataba anaweza kwenda klabu ya nchi nyingine ya Ulaya bila ada. Ndani ya Uingereza kuna kizingiti cha umri. Mchezaji aliye chini ya miaka 24 akikataa mkataba mpya usio duni kuliko ule wa zamani, timu inayomchukua hulipa fidia, na wakishindwana kamati huamua kiasi. Akishafikisha 24 anaondoka bure. Kwa timu ndogo isiyo na hela, mchezaji wa bure ndiye mchezaji anayenunulika, kwa hiyo soko la wahamaji ni la watu wa miaka 24 hadi 34 ambao ada yao ni sifuri. Makocha nao huhama na watu wao. Kocha akifukuzwa huku na kuajiriwa kule, simu ya kwanza huwapigia wachezaji anaowaamini, na kiungo wa kati ndiye huwa wa mwanzo kukumbukwa kwa sababu ndiye anayejua kocha anataka timu icheze vipi.

Mfano ninaoupenda ni wa Tony Ford. Alianza Grimsby Town mwaka 1975 akiwa na miaka 16, winga wa kulia na kiungo wa pembeni, baadaye akarudi nyuma kuwa beki wa kulia. Akapita Sunderland kwa mkopo, Stoke City, West Bromwich Albion, akarejea Grimsby, akaenda Bradford City kwa mkopo, Scunthorpe United, akashuka hadi Barrow nje ya madaraja manne ya juu, kisha Mansfield Town na Rochdale. Hakuwahi kucheza daraja la juu kabisa. Hata hivyo mechi zake za ligi ni 931, rekodi ya Uingereza kwa mchezaji asiye kipa. Aliyemzidi ni kipa Peter Shilton, mwenye 1,005. Mansfield na Rochdale alikuwa na kocha yule yule, Steve Parkin. Novemba 2001 Parkin alipokwenda Barnsley, Ford akafuatana naye kama msaidizi na kutundika daluga akiwa na miaka 42.

Kwa nini kiungo hasa? Kwa sababu kazi yake ni ngumu kuipigia hesabu. Mshambuliaji ana magoli, kipa ana mechi alizomaliza bila kufungwa. Kiungo wa League Two anacheza mechi 46 za ligi kwa msimu, Jumamosi saa tisa alasiri na Jumanne usiku, na Januari uwanja unakuwa mzito kwa mvua. Mpira mwingi unapita juu ya kichwa chake, na kazi yake ni kuokota ule unaodondoka: mpira wa pili. Anayeokota mipira hiyo kwa msimu mzima anaweza kumaliza na magoli mawili na pasi tatu za mabao. Mwenyekiti anayesoma karatasi hamuoni. Kocha anamuona, lakini kocha mwenyewe huenda asiwepo Mei.

Clarke Oduor, mzaliwa wa Siaya aliyekuzwa na akademi ya Leeds United, anaonyesha jinsi sifa za dakika moja zisivyodumu. Julai 22, 2020, siku ya mwisho ya Championship, akiichezea Barnsley, alifunga dakika za nyongeza ugenini kwa Brentford. Barnsley wakashinda 2-1 na kunusurika kushuka. Kufikia 2023 alikuwa ameshapita Hartlepool United kwa mkopo na kutua Bradford City, League Two. Hakuna kashfa hapo wala jeraha la kutisha la kusimulia. Ni mwendo wa kawaida wa kazi hii.

Watanzania tumeanza kukutana na wahamaji hawa kupitia Taifa Stars. Kwenye kikosi cha AFCON iliyochezwa Ivory Coast Januari 2024 alikuwemo kiungo Tarryn Allarakhia wa Wealdstone, timu ya National League, aliyewahi kupita Crawley Town. Mitandaoni wapo waliouliza daraja la tano ni mpira gani. Swali halali, ila jibu haliko kwenye jina la timu. Angalia safu ya mechi alizocheza kila msimu: aliyeanza mechi 35 National League yuko fiti na anaaminiwa kuliko aliyekaa jukwaani League One. Allarakhia mwenyewe baada ya mashindano alihamia Rochdale, klabu iliyokuwa imeshuka kutoka EFL mwaka 2023 baada ya miaka 102 na iliyokuwa ikitafuta watu wa kuirudisha.