Prodyuza Akishika Maiki: Yanayosemwa Kampala na Ukweli Wake

"Ukiona prodyuza ameanza kurap, ujue biti zimemshinda." Kauli hii inazunguka Katwe, Nsambya na kila studio ambako vijana wanachanganya Kiswahili, Luganda na Kilingala. Inaniudhi, maana inamvunja moyo mtu ambaye tayari anaijua nusu ya kazi.

Kanye West, prodyuza wa Marekani, alipotaka kurap, biti zake zilikuwa zinagombaniwa. Mkono wake ulikuwa kwenye nyimbo kadhaa za The Blueprint, albamu ya rapa Jay-Z, iliyotoka Septemba 2001. Wakubwa wa kampuni za muziki walisita. Walimtaka abaki kwenye mashine. Oktoba 2002 akapata ajali ya gari Los Angeles, taya likafungwa kwa nyaya, na nyaya zikiwa bado mdomoni akarekodi "Through the Wire", juu ya sauti ya mwimbaji Chaka Khan aliyoiongeza kasi. Albamu yake ya kwanza, The College Dropout, ilitoka Februari 2004, na mwaka uliofuata ikachukua Grammy ya albamu bora ya rap.

Wanaosema prodyuza hana sauti hawajakaa naye studio. Mara nyingi msanii anapofika, prodyuza ameshajifungia na hedifoni masikioni, amejirekodi akiimba "na-na-na" ili kuonyesha kiitikio kitapita wapi. Msanii anaifuata njia hiyo hiyo, anaweka maneno, na ile sauti ya kwanza inafutwa. Hapa Kampala Daddy Andre anajulikana kwa yote mawili, kutayarisha na kuimba, ingawa yeye si mtu wa hip hop. Benon Mugumbya alipita njia hiyo kutoka upande wa pili: alianza kama mwimbaji katika kundi la Benon na Vamposs, kisha akawa mmoja wa waanzilishi wa kampuni ya muziki ya Swangz Avenue.

Kuna na hili la trei za mayai ukutani, eti zinazuia kelele. Hazizuii kelele za boda boda wala jenereta ya jirani. Zinapunguza kidogo tu mwangwi wa sauti nyembamba. Blanketi nzito nyuma ya anayerap husaidia zaidi.

Dhana nyingine ni kwamba prodyuza msanii wa kweli hufanya kila kitu peke yake. Dr. Dre, rapa na prodyuza wa Marekani ambaye wengi humtaja kama kielelezo, hakufanya hivyo. Mistari ya "Still D.R.E." ya 1999 iliandikwa na Jay-Z, na ile kinanda inayotambulika mara moja ilipigwa na Scott Storch. Dre alichagua, akapanga, akakataa, akarudia. Kwangu mimi hilo ndilo somo gumu kwa prodyuza anayejirekodi: alizoea kuwa sikio la mwenzake, sasa hana wa kumwambia rudia. Amtafute mtu huyo mapema.

Lakini panapoumiza zaidi ni kwenye karatasi. Msanii anaamini kwamba akishalipia studio, biti ni yake. Prodyuza naye anaamini kwamba kwa kuwa biti ni yake, wimbo mzima ni wake. Wote wawili wanaweza kukosea. Chini ya Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya Uganda ya 2006, haki ni ya aliyebuni kazi, bila sharti la kuisajili kwanza, na hudumu maisha yake yote pamoja na miaka 50 baada ya kifo. Aliyetunga muziki ana haki ya muziki. Aliyeandika mistari ana haki ya mistari. Kulipia muda wa studio peke yake hakuhamishi umiliki. Ila kama umeajiriwa na studio, au umeagizwa kuitengeneza kazi hiyo, ni ya mwajiri au ya aliyeagiza, isipokuwa mkataba useme vingine.

Kwa hiyo, kabla hujageuka msanii, pitia mikataba yako ya zamani. Biti uliyoiuza moja kwa moja na kusaini huwezi kuirudisha kwenye albamu yako kwa sababu tu faili bado liko kwenye kompyuta yako. Jiandikishe UPRS (Uganda Performing Right Society) kama mtunzi, maana ndiyo inayokusanya malipo ya nyimbo zinapopigwa hadharani. Na usidanganywe kwamba sekunde chache za wimbo wa mtu ni halali. Desemba 1991 mahakama ya New York ilimzuia rapa Biz Markie kuendelea kutumia kipande cha wimbo wa mwimbaji Gilbert O'Sullivan, na tangu hapo kampuni za Marekani zinataka ruhusa kwanza.

Dhana ya mwisho ni kwamba hip hop ya Uganda haivuki mpaka bila Kiingereza. Kundi la Bataka Squad walijenga Luga Flow, yaani rap ya Luganda. MC Yallah, aliyezaliwa Kenya na kukulia Uganda, anarap kwa Luganda, Kijaluo, Kiswahili na Kiingereza, na albamu yake Yallah Beibe ya 2023 ilitolewa na lebo ya Hakuna Kulala ya hapa hapa Kampala. Prodyuza anayerap Kiswahili ana faida yake: maneno mengi yanaishia na vokali na mkazo unaangukia silabi ya pili kutoka mwisho, kwa hiyo anaweza kupanga snea, ule mlio mkali wa ngoma, mahali mkazo unapotua hata kabla hajaandika mstari wa kwanza.