Kisimamizi cha modi ni nini, na mafaili ya modi zako yanakaa wapi hasa?

Chukua kompyuta yenye gemu ya Skyrim Special Edition na modi mia mbili zilizowekwa kwa Mod Organizer 2, kimojawapo cha visimamizi hivyo. Funga programu zote, kisha fungua folda ya gemu inayoitwa Data. Utakuta Skyrim.esm, Update.esm, mafaili kadhaa ya bsa, na mengine machache, vile vile kama siku gemu ilipopakuliwa. Hakuna hata modi moja. Washa gemu kupitia Mod Organizer na kila kitu kipo: miti mipya, silaha mpya, nyumba mpya pale ulipoijenga. Anayeliona jambo hili mara ya kwanza hudhani modi zake zimefutika, na wapo walioanza kuzipakua upya kwa hofu tu.

Modi ni mabadiliko ya gemu yaliyotengenezwa na watu wa nje ya kampuni iliyoiunda. Kwa ndani ni mafaili ya kawaida: picha za dds zinazovishwa juu ya vitu, maumbo ya nif, sauti, hati za maelekezo, na yale ya esp au esm yanayoieleza gemu kwamba kuna mtu mpya au upanga mpya. Kisimamizi cha modi ni programu inayoyatunza mafaili hayo, inayojua lipi ni la modi ipi, na inayoifikishia gemu kwa mpangilio ulioutaka wewe. Kazi yake kubwa ni hiyo ya katikati, kujua lipi ni la nani, na ndiyo ambayo mtu akifanya kwa mkono humshinda mapema.

Nilianza kwa mkono. Unapakua kifurushi cha zip, unakifungua, unamwaga vilivyomo ndani ya Data, kompyuta inakuuliza kama ufunike mafaili yaliyopo, unabonyeza ndiyo. Modi ya kwanza ikakubali, ya pili ikakubali. Ya kumi na kitu ikabadilisha udongo wote ukawa wa rangi ya zambarau, ile rangi ambayo Skyrim huionyesha picha inapokosekana. Nikataka kuiondoa. Nikaanza kufuta faili moja moja, nikagundua kwamba sehemu fulani ilikuwa imefunika mafaili ya modi nyingine, na yale ya awali hayakuwapo tena popote. Nilifuta gemu nzima nikaipakua upya kwa bando la simu, siku mbili usiku na mchana. Tangu hapo sijamwaga kitu chochote ndani ya folda ya gemu.

Kisimamizi huepusha janga hilo kwa kuipa kila modi chumba chake. Ukipakua modi, kifurushi kilichobanwa hukaa katika folda ya downloads. Ukiisakinisha, kisimamizi hukifungua kifurushi hicho na kuweka yaliyomo katika folda yenye jina la modi hiyo peke yake, mbali na gemu. Mod Organizer huiita folda kuu ya vyumba hivyo mods, na ndani ya kila chumba huweka faili dogo liitwalo meta.ini, lenye kumbukumbu ya modi ilitoka wapi na ni toleo gani. Vortex, ambayo ni programu ya tovuti ya Nexus Mods, nayo ina ghala la namna hiyo, na usipoibadilishia mahali huliweka ndani ya AppData\Roaming\Vortex, kila gemu na folda yake. Kwa hiyo modi mbili zenye faili la jina lile lile, tuseme textures\landscape\dirt02.dds, haziwezi kufutana. Kila moja ina nakala yake chumbani kwake. Zinagongana pale tu gemu inapouliza: dirt02.dds iko wapi?

Lakini gemu haijui habari za vyumba. Iliandikwa kutafuta vitu ndani ya Data na hapo tu. Ni lazima kitu kifanyike ili yaliyo chumbani yaonekane sebuleni, na hapo ndipo Vortex na Mod Organizer zinapoachana njia.

Vortex hutumia viungo vigumu. Katika diski zilizoandaliwa kwa mfumo wa NTFS wa Windows, jina la faili na data ya faili ni vitu viwili mbalimbali. Jina ni kibao kinachoelekeza pale data ilipo, na hakuna kinachozuia data moja kuwa na vibao viwili. Mtu anaitwa Baba Asha mtaani na Mwalimu shuleni. Ukimkuta huku au kule ni yule yule, na hali chakula cha watu wawili. Vortex ikipeleka modi kwenye gemu huandika jina la pili la kila faili ndani ya Data, na diski haijazi nafasi ya ziada. Ukizima modi, huondoa yale majina ya Data tu. Shule ikifungwa, Baba Asha yupo nyumbani kwake salama.

Unaweza kujionea mwenyewe. Fungua dirisha la amri, andika fsutil hardlink list, acha nafasi, kisha andika njia kamili ya faili mojawapo lililopelekwa na Vortex, ukiizungushia alama za kunukuu kama ina nafasi ndani yake. Utaletewa mistari miwili: mmoja wa ghala, mwingine wa Data. Ukiona hivyo utaelewa pia kwa nini Windows ikipima folda hizo mbili hukuambia kila moja ina gigabaiti 40, kumbe diski imetumia 40 tu kwa zote. Wengi huona hesabu hiyo wakakimbilia kufuta ghala ili kuokoa nafasi. Usifanye hivyo. Nafasi hutaipata, kwa sababu data inabaki maadamu jina moja lipo, na Vortex itakuwa imepoteza modi zako zote.

Njia hii ina masharti. Viungo vigumu havivuki kutoka draivu moja kwenda nyingine, kwa hiyo gemu ikiwa D na ghala likiwa C, Vortex itakataa na kukuomba uhamishe. Diski ya nje iliyoandaliwa kwa exFAT nayo haifai, kwani mfumo huo hauna viungo vya namna hii. Na kwa kuwa majina mawili yanaelekeza data moja, ukilihariri faili ndani ya Data umelihariri na la ghalani pia. Kama modi inafunika faili la asili la gemu, Vortex hulipa lile la asili jina jipya lenye mwisho wa vortex_backup, ili lirudishwe baadaye. Orodha ya yote iliyoyapeleka huiacha ndani ya folda ya gemu, katika faili la vortex.deployment.json; ukilikuta hapo liache.

Mod Organizer haigusi Data kabisa. Yenyewe hukaa katikati ya gemu na Windows. Gemu ikisema "nifungulie dirt02.dds iliyo ndani ya Data", ombi hilo hudakwa njiani, Mod Organizer hutazama orodha yake, huona modi ipi ina haki juu ya faili hilo, kisha huielekeza gemu chumbani kwa modi hiyo. Gemu inaamini imefungua Data. Ni kiinimacho cha kweli, na kinadumu muda ambao gemu iko hewani tu. Ndiyo maana ukiangalia Data kwa njia ya kawaida huoni kitu, na ndiyo maana ukiwasha gemu moja kwa moja kutoka Steam modi hazitokei. Kila programu inayohitaji kuziona, hata ile ya kusafisha mafaili ya esp, sharti iwashwe kutoka ndani ya Mod Organizer. Mimi naipenda zaidi njia hii, kwa kuwa folda ya gemu inabaki safi daima. Gharama yake ni kwamba baadhi ya programu za kupambana na virusi huushuku udakaji huo na kuuzuia.

Sasa, nani mwenye haki juu ya dirt02.dds? Jibu lipo katika faili la maandishi matupu. Ndani ya folda ya profiles ya Mod Organizer, kila wasifu, yaani mpangilio wa mchezaji mmoja, una modlist.txt yenye majina ya modi, mstari mmoja modi moja, na alama ya kujumlisha kwa iliyowashwa au ya kutoa kwa iliyozimwa. Kwenye skrini ya Mod Organizer modi ya chini ndiyo inayoshinda, ila ukifungua modlist.txt utakuta mpangilio umegeuzwa, mshindi yuko juu. Usichanganye mpangilio huu na ule wa esp, ulio katika plugins.txt na loadorder.txt. Wa kwanza huamua faili la nani litasomwa. Wa pili huamua gemu ipakie programu-jalizi zipi kwanza, yaani yale mafaili ya esp na esm, na Skyrim Special Edition hupokea 254 za kawaida, pamoja na 4,096 za aina nyepesi. Watu wawili wakibishana kuhusu mpangilio wa modi, mara nyingi mmoja anasema wa kwanza na mwenzake anasema wa pili.

Wasifu wenyewe ni folda ndogo ajabu. Haubebi modi, unabeba orodha tu, pamoja na mipangilio ya gemu na hata safari zako zilizohifadhiwa ukitaka. Kompyuta moja ya nyumbani inaweza kuwa na wasifu wa kaka na wa dada, kila mmoja na gemu yake tofauti, modi zikiwa zimehifadhiwa mara moja.

Gemu nyingine zina njia zao, ila wazo ni hilo hilo. Euro Truck Simulator 2 husoma mafaili ya scs yaliyo ndani ya Documents, katika folda iitwayo mod, na ina kisimamizi ndani yake yenyewe. Wanaocheza gemu ya mpira ya PES kwa Sider, programu ya kuiongezea modi, wanajua sider.ini, yenye mistari inayotaja folda za viwanja na jezi. Gemu huzisoma folda hizo badala ya vifurushi vyake, bila kuvifungua wala kuvibadilisha.

Kuna folda moja ya Mod Organizer ambayo watu huiogopa bure: overwrite. Programu ikizalisha faili jipya na kutaka kuliweka ndani ya Data, Mod Organizer haijui ni la modi gani, basi hulitupia humo. Lifanyie kazi mapema. Bonyeza kitufe cha kulia, ligeuze liwe modi yenye jina lake, maana yaliyomo overwrite hushinda kila modi, na ukisahau utapoteza jioni nzima ukitafuta kwa nini umbo ulilolifuta bado linaonekana.

Kuhusu mahali pa kuweka, chagua njia fupi kama D:\MO2. Program Files ina ulinzi unaozuia programu kuandika, na Windows kwa kawaida huweka kikomo cha herufi 260 kwa njia nzima ya faili, jambo ambalo modi zenye folda ndani ya folda hulifikia haraka. Vifurushi vya downloads navyo usivifute kwa pupa. Modi nyingi hukuuliza maswali wakati wa kusakinisha, rangi ipi, ukubwa upi wa picha, na ukitaka kubadili jibu baadaye kisimamizi hurudi kwenye kile kifurushi. Kikiwa hakipo, utakipakua tena, kwa bando lako.