Nafasi Ndogo Haimaanishi Kipaji Kidogo

Wapenzi wengi wa sinema bado huamini kwamba anayecheza nafasi ndogo amekosa kipaji cha kuwa nyota. Mtazame mwigizaji Marcel Dalio wa Ufaransa. Mwaka 1939 alikuwa mmoja wa wahusika wakuu katika filamu La Règle du jeu ya mwongozaji Jean Renoir. Mwaka uliofuata, kwa kuwa alikuwa Myahudi, aliikimbia Paris majeshi ya Hitler yakikaribia. Wanazi wakaitumia sura yake kwenye mabango ya chuki. Alipofika Hollywood, Marekani, mara nyingi aliambulia vipande vifupi, kama yule msimamizi wa meza ya kamari katika filamu Casablanca, tena bila jina lake kuorodheshwa. Ni vita na ubaguzi vilivyomshusha, wala si uwezo wake. Kumwita aliyeshindwa ni kumdhulumu. Baada ya vita alirudi kwao, akaendelea kuigiza hadi uzeeni.