Je, wajua kwa nini mwenyekiti wa Mstari wa Mbele alitoka safu ya nyuma?

Chukua ramani ya Afrika ya mwaka 1976, uteremke nayo kutoka Tanzania kwenda kusini. Utakutana na Msumbiji, Malawi na Zambia. Rhodesia ya mlowezi Ian Smith, yaani Zimbabwe ya leo, huifikii bila kwanza kukanyaga ardhi ya mtu mwingine. Namibia vivyo hivyo, na Afrika Kusini iko mbali zaidi. Kutoka Dar es Salaam hadi Salisbury, ambayo leo ni Harare, ni kama kilomita 1,500 kwa njia ya ndege. Lakini nchi zilizojifunga kibwebwe dhidi ya tawala hizo za walowezi, zile tulizozizoea redioni kama Nchi za Mstari wa Mbele, ziliongozwa na mwenyekiti mmoja tangu katikati ya miaka ya 1970 hadi 1985: Julius Nyerere wa Tanzania. Mstari wa mbele gani huo unaoongozwa na mtu wa nyuma?

Nilipoulizwa sababu nikiwa sekondari, nilijibu bila kusita: Tanzania inapakana na Rhodesia. Mwalimu hakunigombeza. Alinipa chaki, akaniambia nikauchore mpaka huo ubaoni. Nikachora mto, nikaandika Tanzania juu na Rhodesia chini, nikarudi kukaa kwa kujiamini kabisa. Darasa lilicheka muda mrefu kabla sijaelewa kwamba nimeifuta Zambia nzima.

Kosa hilo lilinipeleka kwenye kosa la pili, ambalo nimelisikia hata kwa watu wazima: kwamba Mstari wa Mbele ulikuwa shirika lenye makao makuu Dar es Salaam, kwa hiyo mwenyeji akapewa kiti. Hapa tunachanganya vitu viwili. Kilichokuwa Dar ni Kamati ya Ukombozi ya OAU (Umoja wa Nchi Huru za Afrika), iliyoundwa mwaka 1963. Hiyo ilikuwa na ofisi, watumishi, bajeti ya michango (iliyochelewa, kama michango yote ichelewavyo) na katibu mtendaji, ambaye kuanzia 1972 hadi kazi ilipokwisha mwaka 1994 alikuwa Hashim Mbita. Mstari wa Mbele haukuwa na chochote kati ya hivyo. Hapakuwa na sekretarieti, jengo wala bendera, na hapakuwa na mkataba uliosainiwa wa kuuanzisha. Ulikuwa ni marais wachache waliopanda ndege kwenda kuonana, leo Lusaka, kesho Dar, keshokutwa Maputo, wakafunga mlango na kuzungumza. Ukitaka kuwaandikia barua, hujui bahasha uandike sanduku la posta lipi.

Halafu kuna kosa la tatu, ambalo kwa kweli ni nusu ya ukweli, na ndiyo maana ni gumu kung'oka. Kabla ya 1975 Tanzania ilikuwa mstari wa mbele kwelikweli. FRELIMO, chama cha ukombozi cha Msumbiji, ilizaliwa Dar es Salaam tarehe 25 Juni 1962, na vita vyake vilipoanza Septemba 1964 wapiganaji walivuka Mto Ruvuma wakitokea upande wetu. Ng'ambo ya mto alikuwepo Mreno. Kisha Aprili 1974 wanajeshi wa Ureno wakaipindua serikali yao wenyewe, na tarehe 25 Juni 1975 Msumbiji ikawa huru. Mstari ukahama usiku mmoja. Watu wa Newala na Tunduru walilala mpakani mwa vita, wakaamka na jirani rafiki. Jina likabaki, mwenyekiti akabaki, vita vikasogea kusini.

Kwa hiyo jibu la kwamba Nyerere alirithi kiti kutoka enzi za Ruvuma lina uzito wake. Ila halielezi kwa nini wenzake waliokuwa wakilipuliwa mabomu walimwachia kiti hicho miaka kumi mfululizo.

Mfano unaonisaidia ni wa msiba. Kukitokea kifo mtaani, nani anashika daftari la rambirambi? Si mfiwa. Mfiwa yuko ndani, amekaa mkekani, macho yamemvimba. Daftari hupewa jirani: mtu wa karibu kiasi cha kuguswa, lakini wa mbali kiasi cha kukumbuka kwamba turubai halijafika, sufuria ni mbili tu na gari la kwenda makaburini linataka mafuta. Jirani huyo anaweza kusema kwa sauti kavu kwamba tunaondoka saa nane, hatungoji mtu. Mfiwa akisema hivyo ataonekana amekata tamaa, au ana haraka ya kumaliza.

Sasa waangalie wafiwa wenyewe. Zambia ya Kenneth Kaunda ilikuwa imezoea kuuza shaba kupitia reli za kusini, hadi mpaka wake na Rhodesia ulipofungwa mwaka 1973. Lusaka haifiki kilomita 150 kutoka Mto Zambezi, na ng'ambo ya mto alikuwa Smith. Msumbiji ya Samora Machel ilifunga mpaka wake na Rhodesia Machi 1976, ikakosa mapato ya reli na bandari, kisha ikaanza kushambuliwa: Nyadzonya Agosti 1976, Chimoio Novemba 1977, mamia ya watu wakauawa kila mara. Botswana ya Seretse Khama ilikuwa na njia moja kuu ya reli, na iliyoiendesha ni kampuni ya reli ya Rhodesia; hata jeshi lake iliunda mwaka 1977 tu. Angola ya Agostinho Neto, iliyojiunga baadaye kidogo, ilikuwa na vita ndani ya nyumba.

Kila mmoja wao, kila asubuhi, alikuwa na sababu halali ya kulegeza kamba kidogo. Nyerere hakuwa nayo kwa kiwango hicho. Ndege za Rhodesia hazikufika Dar. Tanzania ililipa gharama zake, tena mapema: Desemba 1965 ilivunja uhusiano na Uingereza kwa kushindwa kumzuia Smith kujitangazia uhuru, na mkopo wa pauni milioni 7.5 ukagandishwa. Lakini hilo lilikuwa pigo la mfukoni. Mtu anayeumia mfukoni huweza kukaa na daftari. Mfano huu una kasoro moja kubwa: msibani hakuna anayerudi kuichoma nyumba ya mfiwa kwa sababu jirani kaongea kwa ukali.

Swali linalobaki ni nguvu. Mwenyekiti asiye na ofisi wala kura anaongozaje muungano wa vita? Hapa tuuache msiba, twende kwenye nyumba za kupanga.

Vyama vya wapigania uhuru vilikuwa wapangaji. Mpigania uhuru anahitaji mahali pa kulala, kufanya mazoezi, kutibiwa na kuhifadhi silaha, na vyote hivyo viko kwenye ardhi ya mtu. Tanzania ilitoa Kongwa, Nachingwea, Mgagao, na baadaye Mazimbu kwa ajili ya shule ya ANC, chama cha ukombozi cha Afrika Kusini. (Kongwa na Nachingwea ndipo Waingereza walipotumbukiza mamilioni ya pauni mwishoni mwa miaka ya 1940 wakijaribu kulima karanga, wakashindwa. Walifyeka mapori, wakajenga majengo na reli, wakaondoka. Miaka kumi na kitu baadaye wakaingia wapiganaji. Sijui mradi mwingine wa kilimo ulioshindwa kwa faida namna hiyo.) Silaha za misaada ziliteremkia bandari ya Dar, na Radio Tanzania iliwapa vyama hivyo muda wa kutangaza kwa lugha za kwao.

Mwenye nyumba mmoja, hata awe mkali vipi, hana nguvu kubwa juu ya mpangaji. Mpangaji akikorofishwa anahamia kwa jirani, na ndivyo wapangaji wawili wa Zimbabwe walivyokuwa: ZAPU ya Joshua Nkomo ilikuwa imejikita Zambia, ZANU ya Robert Mugabe ikajikita Msumbiji, na haziivi chungu kimoja. Lakini wenye nyumba wakikaa na kukubaliana kwamba hakuna atakayekupangisha mpaka mambo fulani yatimie, ghafla huna pa kuhamia. Kazi ya mwenyekiti ilikuwa hiyo, kuhakikisha wenye nyumba hawasigani. Mpangaji hakuhitaji kupewa amri. Ilitosha aone milango mitano imefungwa kwa pamoja, kisha aone ule mmoja ulioachwa wazi.

Tuone mashine hiyo ikifanya kazi. Desemba 1974 marais waliwakutanisha viongozi wa wapigania uhuru wa Rhodesia mjini Lusaka, baadhi yao wakitolewa kizuizini kwa ajili ya kikao hicho, na kuwabana wasaini umoja. Umoja ule haukumaliza hata mwaka. Septemba 1976 Henry Kissinger wa Marekani alizunguka eneo hili, akafika Dar pia, na tarehe 24 Smith akatangaza kwamba amekubali utawala wa wengi ndani ya miaka miwili, kwa masharti aliyoyasoma yeye. Siku mbili baadaye marais watano wakakutana Lusaka, wakaipokea kanuni na kuyakataa masharti. Mwezi uliofuata, ili wasiende kwenye mazungumzo ya Geneva kuhusu Rhodesia wakiwa vipande, Nkomo na Mugabe wakatangaza Patriotic Front. Ulikuwa umoja wa mezani. Majeshi yao yalibaki mawili, na uchaguzi wa 1980 kila mmoja aligombea kivyake. Lakini mezani ndipo ulipohitajika.

Mwaka 1979 ndio wenye mengi ya kusimuliwa. Tanzania ilikuwa imetoka kupigana na Idi Amin, Kampala iliangushwa tarehe 11 Aprili, na hazina ilikuwa imekauka. Agosti, kwenye mkutano wa Jumuiya ya Madola mjini Lusaka, Nyerere na wenzake walimsogeza Margaret Thatcher hadi akakubali kuitisha mkutano wa katiba. Ulianza Lancaster House, London, tarehe 10 Septemba, ukaisha 21 Desemba. Mugabe alisita karibu na mwisho. Aliyemwambia asaini alikuwa Machel, mwenye kambi, mwenye maiti za Chimoio na mwenye uchovu wa kweli. Inasimuliwa kwamba ujumbe ule ulikuwa na kejeli ndani yake: asiposaini atapewa nyumba nzuri ufukweni Msumbiji akaandike kumbukumbu zake. Maneno yenyewe siyaapii, maana kikundi kisicho na sekretarieti hakiachi mihutasari, na mengi tunayoyajua yametoka kwa waliokuwepo, kila mmoja akijipendelea kidogo. Matokeo hayana utata: alisaini, na tarehe 18 Aprili 1980 Zimbabwe ikawa huru. Ikawa nchi ya sita ya Mstari wa Mbele.

Ukiangalia vizuri, pale London si jirani mwenye daftari aliyemaliza kazi, ni mfiwa. Nyerere alichora mstari, Machel alikuwa na ardhi, na dakika ya mwisho ardhi ndiyo ilisikika zaidi. Kwa maoni yangu hapo ndipo wengi wanapomtia Mwalimu chumvi. Kuna wakati daftari halikufua dafu kabisa. Angola ilipopata uhuru Novemba 1975, Tanzania na Msumbiji ziliitambua serikali ya MPLA, chama cha Neto. Zambia haikuitambua hadi Aprili 1976. Oktoba 1978 Kaunda aliifungua tena njia ya reli kupitia Rhodesia. Nyerere na Machel hawakupendezwa, lakini Kaunda alikuwa na hoja isiyojibika kwa hotuba. Mbolea ya msimu wa mahindi ilikuwa imekwama bandarini na mvua hazingoji. Bandari mojawapo iliyokuwa imesongamana kupita kiasi ilikuwa Dar es Salaam, nyumbani kwa mwenyekiti.

Na uwezo wa mwenye nyumba una upande usiopendeza. Mwaka 1976 ulipozuka mgogoro ndani ya SWAPO, chama cha ukombozi cha Namibia, Zambia iliwakamata wapinzani wa uongozi, na mmoja wao, Andreas Shipanga, akaletwa kufungwa Tanzania hadi 1978. Machel naye aliwafunga vijana wa Zimbabwe walioonekana kukaidi, Januari 1977. Nchi zilizopigania haki ya watu kuchagua viongozi wao zilijikuta zikiamua kiongozi halali wa chama cha wageni ni nani.

Nyerere alipong'atuka urais Novemba 1985, uenyekiti ulikwenda kwa Kaunda. Mafaili ya kukabidhi hayakuwepo, maana ofisi haikuwepo. Kuna jambo la ajabu hapo. Zimbabwe ilikuwa huru, adui aliyebaki alikuwa Pretoria, na mpaka na Afrika Kusini ulikuwa Mto Limpopo, mbali na Zambia. Kiti kilikuwa kimehamia tena kwa mtu wa safu ya pili. Nilitaka kuifanya hiyo kanuni, mpaka nilipoirudia ramani na kuona kwamba Zambia inagusana na Namibia kwenye ule ukanda mwembamba wa Caprivi, na Namibia bado ilikuwa mikononi mwa Afrika Kusini. Safari hii angalau niliitazama kabla ya kushika chaki.